Watalii kutoka Nyololo

Raba zilikuwa za Yusta, na zilimbana Verediana vidole. Alizivaa hivyo hivyo, akasimama katikati ya sebule ya mdogo wake, Soweto, jijini Mbeya, huku baridi ya alfajiri ikipenya chini ya mlango. Suruali ya jinzi nayo ilikuwa ya Yusta. Kepu ilikuwa ya mume wa Yusta. Kitu pekee kilichokuwa chake mwenyewe ni rozari, nayo mdogo wake aliitazama akatikisa kichwa.

"Dada, mtalii havai rozari shingoni. Weka mfukoni."

"Kwani watalii hawana Mungu?"

"Wanaye. Ila wanavaa miwani."

Yusta alicheka peke yake, kisha akaona haya. Kasian, mume wa Verediana, alikuwa amekaa kwenye kochi, amevaa fulana ya njano yenye picha ya mnazi, anafunga kamba za viatu kwa mara ya tatu. Alikuwa mtu wa miaka hamsini na sita, aliyefanya kazi miaka kumi na tisa kwenye kiwanda cha karatasi Mgololo kabla ya kurudi kwao Nyololo kupasua mbao. Maisha yake yote hakuwahi kulipa hela ili atembezwe. Leo kwa ajili ya kutembezwa walikuwa wameuza nguruwe wawili.

Lakini si kutembea kulikowatoa kwao. Mwaka jana, mwezi wa sita, mtoto wao wa kwanza Sosthenes, wa kidato cha tano, alipotea katika Ziwa Itwange, ziwa lililokaa ndani ya shimo la volkano huko milimani Rungwe, lenye kisiwa kidogo cha mawe meusi katikati. Shule ilikuwa imewapeleka ziara ya masomo. Walimu walisema walipohesabu wanafunzi kwenye boti ya kurudia walikuta mmoja pungufu. Wazamiaji walitafuta siku nne, wakakusanya vifaa vyao, wakaondoka. Wazazi walipofika wenyewe kuomba wavushwe, wenye boti waliwagomea. Wengine walisema ziwa lile halivushi mfiwa, kwamba chozi likidondoka majini linaita kifo kingine. Wengine hawakutoa sababu yoyote, waliogopa tu kesi.

Basi msiba ukabaki wazi mwaka mzima. Kaka yake Kasian, mzee Sifaeli, ambaye ndiye mkubwa wa ukoo, alishauri wazike mgomba badala ya mwili, kama walivyofanya kwa babu yao mmoja aliyepotelea migodini. Verediana alisimama mbele ya wanaume na kusema, "Mimi sikuzaa mgomba." Ndipo Sifaeli alipotoa neno la mwisho: walete jiwe, lakini si jiwe la popote. Litoke pale mguu wa mtoto ulipokanyaga mwisho, na mama yake atamke kwa kinywa chake kwamba mahali hapo amepaona. Kaburi lilichimbwa. Lingefukiwa Jumamosi. Leo ilikuwa Alhamisi.

"Na jambo jingine," Yusta alisema mlangoni. "Msiitane kama mnavyoitanaga. Yule kijana wa kutembeza anaweza kulijua jina. Leo muwe Baba Blessing na Mama Blessing."

Blessing alikuwa mtoto wao wa pili, wa miaka kumi. Kwa miaka kumi na minane watu hawa hawakuwahi kuitana kwa jina jingine zaidi ya Baba Soste na Mama Soste.

"Tunamfuta kabla hatujamzika," Verediana alisema.

Kasian alifungua mlango akatoka nje, akaenda kusubiri gari barabarani.

*

Tangazo lilikuwa limesema *Siku Nzima Kisiwani: usafiri, boti, mwongozaji na chakula cha mchana*, na kweli kila kitu kilikuwepo. Kwenye Coaster walikuta vijana wanane wa ofisi moja ya Dodoma, wamekuja kula likizo yao ya mwisho wa mwaka wa fedha, na mwongozaji aliyeitwa Asukile, kijana mchangamfu wa miaka ishirini na minane hivi, mwenye kipaza sauti mkononi na sauti isiyokihitaji.

"Nikisema *ugonile*, mnaitikia *ndaga*! Huku ni kwa Wanyakyusa, usiposalimia hupewi ndizi. Ugonile!"

"Ndagaaa!" gari zima likaitikia. Verediana aliitikia pia, kwa sababu Yusta alimwonya asikae kama mtu aliyenuna.

Asukile alikuja hadi kiti chao. "Na wazee wetu je? Au ndiyo honeymoon? Jamani, makofi kwa maharusi!"

Vijana wakapiga makofi, mmoja akapiga na vigelegele. Kuanzia hapo hawakuwa na jina jingine. Maharusi songeni mbele. Maharusi msisahau maji. Kasian alitabasamu kila alipoitwa, na tabasamu lile lilimchosha kuliko gogo la mninga.

"Sasa kila mtu atuambie ametoka wapi na ameletwa na nini," Asukile alisema. "Tuanze na bwana harusi."

"Nyololo," Kasian alisema kwenye kipaza sauti. "Kutembea tu."

"Safi sana! Wazee wengi wanakufa hawajaona hata mlima wa kwao. Bibi harusi, Mungu amewajalia watoto wangapi?"

Verediana alikishika kile kipaza sauti kwa mikono miwili. Alijua akisema wawili, swali linalofuata litakuwa wako wapi.

"Mmoja," alisema.

Kasian aligeukia dirishani, akatazama mashamba ya viazi mpaka yakaisha. Mwenye macho angeona kwamba mabega yake yamebadilika, lakini watu wa Dodoma walikuwa wameshaanza kuimba.

*

Walifika ziwani saa nne. Maji yalikuwa ya kijani kibichi, yametulia chini ya kuta za shimo zilizofunikwa na msitu, na kisiwa kilikuwa pale katikati, kidogo kuliko Verediana alivyokiota. Mwaka mzima alikiota kikubwa. Alidhani mahali panapommeza mtoto wa futi tano na nusu lazima pawe pakubwa.

Mwenye boti, Anyelwisye, aligawa makoti ya kuokolea. Yalikuwa bado yana harufu ya dukani.

"Haya ni mapya?" Verediana alimwuliza.

"Mapya kabisa, mama. Tangu mwaka jana."

"Zamani hayakuwepo?"

Anyelwisye alimtazama Asukile. Asukile akacheka. "Mama, kuna mambo yalitokea hapa. Nitawasimulia kule kule kisiwani. Msiniharibie stori yangu."

Boti ikang'oa nanga. Verediana alifumba macho na kuuma meno njia nzima ili lisimdondoke hata chozi moja. Hakuliamini lile neno la chozi, alikuwa Mkatoliki wa kubatizwa. Lakini aliuma meno.

Kisiwani walitembezwa kwa utaratibu. Walionyeshwa mawe mepesi yanayoelea majini, na vijana wakayarusha kama mpira. Walionyeshwa pango ambamo, Asukile alisema, machifu walikuwa wakijificha vita. Walionyeshwa chemchemi ya moto, kila mtu akapewa yai lake la kuchemsha kwa kijiko kirefu, dakika nane kwa saa ya Asukile. Binti mmoja wa Dodoma, Joyness, alimmenyea Verediana yai na kumnyunyizia chumvi.

"Kula, mama. Tamu kweli, linanukia kiberiti kidogo."

Verediana alilitafuna. Halikushuka. Alilitema kwenye kiganja aliposogea nyuma ya kichaka, akalifunika kwa majani.

"Baba Blessing," alisema kwa sauti ya chini mumewe alipomfuata, "ametupitisha wapi na wapi, hajasema hata mara moja."

"Vumilia. Amesema atasimulia."

"Mtoto atakuwa alipita hapa kwenye mayai?"

"Watakuwa walipita."

"Ulimpa hela ya yai?"

Kasian hakukumbuka kama alimpa. Kwa jambo hilo dogo, wakati wa chakula cha mchana hakugusa wali wala kuku, akasema tumbo limemkataa.

*

Ilikuwa saa nane na nusu walipofika nyuma ya kisiwa, kwenye mwamba mweusi ulioingia majini kama meza. Asukile aliwapanga nusu duara. Alishusha sauti. Alikuwa ameisema hadithi hii mara nyingi na alijua pa kupumzikia.

"Hapa mnaposimama, jamani, mwaka jana alikufa mwanafunzi. Kijana mzuri, mrefu, anaitwa Soste. Waongozaji walimwambia, kijana, ziwa hili halichezewi. Yeye akacheka. Alikuwa ameshaonja pombe kidogo, mnajua wanafunzi wakitoka. Akasema, mimi sitishwi na bwawa. Akaja hapa hapa, kwenye ncha hii, ajipige picha. Mguu ukateleza." Akaionyesha ncha kwa kidole. "Wenzake walimsikia akiita mara moja tu. *Mama, nakufa!* Basi. Na mpaka leo, ukija jioni kukiwa kimya, unamsikia."

Mtu mmoja akasema "Jamani!" Mwingine akasema amesisimkwa mpaka nywele. Kisha, kwa kuwa ndivyo watu walivyo, wakaanza kupokezana kusimama kwenye ncha ya mwamba, mikono juu, na kupigwa picha.

"Hakunywa pombe," Kasian alisema.

Asukile alitabasamu. "Mzee wangu, ulikuwepo?"

Kasian alimgeukia mkewe. Verediana alikuwa tayari anatembea. Aliwapita wale vijana, akafika kwenye ncha, akainama kutazama maji yalipogusa mwamba. Palikuwa na ukoga wa kijani. Raba za kuazima hazikushika. Goti likaenda, mkono ukatafuta pa kukamata usipaone.

"Mama Soste!"

Sauti ile ilitoka tumboni kwa Kasian na kupiga kuta za shimo zote. Mficha maradhi, kilio humfichua. Joyness ndiye aliyemdaka Verediana kwa koti la kuokolea na kumvuta nyuma, wote wawili wakakaa chini juu ya mwamba. Hakuumia. Lakini hakuna aliyekuwa anamtazama goti. Wote walikuwa wanamtazama Kasian, kisha Asukile, ambaye rangi ilimtoka usoni.

"Umemwitaje?" Asukile aliuliza.

"Nimemwita jina lake," Kasian alisema. "Sisi ndio tulimzaa huyo mlevi wako."

*

Watu wa Dodoma waliondoka mmoja mmoja kwenda botini bila kuambiwa. Kijana aliyepiga vigelegele asubuhi alipita akiwa anafuta picha kwenye simu yake, hakuinua kichwa. Joyness alisema, "Pole, mama, hatukujua," mara tatu, mpaka Verediana akamwambia asante, nenda.

Asukile alibaki amesimama, kipaza sauti kikiwa kimening'inia shingoni.

"Mama, nisamehe. Baba, nisamehe. Ningejua..."

"Ungejua usingetuleta," Verediana alisema. "Ndiyo maana hatukusema. Mimi sina hasira na wewe, mwanangu. Nataka kitu kimoja. Nionyeshe mguu wake ulikuwa wapi. Ni hapa nilipokaa au ni pale mbele?"

Asukile alikizungusha kipaza sauti shingoni.

"Nionyeshe tu. Tuna kaburi limekaa wazi."

"Mama, mimi nimeanza kazi hii mwezi wa tisa. Sikuwepo."

"Aliyekuwepo yuko wapi?"

"Yule wa siku ile aliacha kazi kesho yake. Wanasema yuko Zambia. Na yeye mwenyewe alikuwa mbele na wanafunzi, wanasema hakuona kitu. Hakuna aliyeona, mama. Hata walimu. Walihesabu tu."

"Sasa hapa umepajuaje?"

Kijana aliangalia chini. "Hapa wageni wanatosha kusimama. Na mwanga wa picha unakuwa mzuri. Mwenzangu mwingine huwa anawaonyesha kule pangoni."

Maji yaligonga mwamba polepole, hayana habari na mtu.

"Na pombe?" Kasian aliuliza.

"Pombe niliikuta kwenye stori."

"Na pale alipoita?" Verediana aliuliza. "Aliponiita mimi?"

"Hapo niliongeza mwenyewe, mama," Asukile alisema, na akaanza kulia kama mtoto aliyechapwa. Verediana alimtazama bila kumwonea huruma. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na machozi ya huyu yalikuwa ya aibu, yasingemfikisha popote. Ajabu ni kwamba kati ya yote aliyoyasikia siku ile, neno lile la uongo ndilo alilotamani lisingekanushwa.

Anyelwisye alipiga honi ya boti. Kasian aliinama, akaokota jiwe jeusi lenye ukubwa wa ngumi, akaanza kulifunga kwenye leso.

"Hilo ni la nini?" mkewe aliuliza.

"La kupeleka nyumbani."

"Hilo ni la mahali pa kupigia picha."

"Ni la kisiwa hiki. Kisiwa hiki amekikanyaga."

"Kaka yako hakusema kisiwa. Alisema pale pale. Na mimi ndiye nitakayeulizwa, siyo wewe."

Kasian alikaa chini. Hakuwa mtu wa maneno mengi, na haya aliyatoa kama anayabeba kwa zamu. "Mama Soste, nimechoka. Mwaka mzima sijakanyaga harusi ya mtu wala ubatizo. Blessing ananyolewa kichwa kila mwezi kwa sababu tanga halijaanuliwa. Shuleni wanamwita kipara, ananificha mimi lakini najua. Unataka anyolewe mpaka lini? Hakuna anayepajua. Umemsikia. Hakuna hata mmoja."

"Bado yule wa Zambia."

"Naye hakuona!"

"Wanasema hakuona. Wanasema."

Kasian alisimama, akatia jiwe mfukoni. Verediana alibaki amekaa mpaka honi ilipopigwa mara ya tatu, ndipo akashuka kuelekea botini akiwa ameshika raba mkononi. Njiani kurudi Mbeya hakuna aliyeimba. Mlangoni mwa gari Asukile alitaka kuwarudishia hela yao yote. Kasian akazikataa zile noti, na baadaye akajilaumu usiku kucha, maana walikuwa wamebaki na nauli tu ya kuwafikisha Nyololo.

*

Jumamosi watu walijaa. Walikuja wa Mgololo, wakaja wa jumuiya, akaja katekista na kwaya ya vijana. Jiwe liliviringishwa kwenye sweta la shule la Sosthenes na kulazwa ndani ya kijisanduku ambacho Kasian alikipasulia mbao mwenyewe. Blessing alikaa karibu na shimo, kitenge kimefunikwa kichwani mpaka kwenye nyusi ili kipara kisionekane.

Baada ya sala, mzee Sifaeli alisogea mbele. Alisalimu, "Kamwene," watu wakaitika. Kisha akamgeukia shemeji yake.

"Mama Soste. Baba wa mtoto ameleta jiwe. Mimi simwulizi baba. Nakuuliza wewe uliyembeba. Mahali pa mtoto umepaona?"

Verediana aliinua uso. Kasian alikuwa anatazama udongo. Blessing alikuwa amekishika kitenge chini ya kidevu kwa vidole viwili, anamtazama mama yake, anangoja.

"Nimepaona," Verediana alisema.

"Ni pale pale?"

"Ni pale pale."

"Tumshukuru Mungu," Sifaeli alisema, na sauti yake ikatetemeka, kwani naye alimpenda yule kijana. "Basi kuanzia leo asiulize mtu tena habari za Soste. Amelala kwake."

Wanaume wakashika majembe. Wanawake wakapasua kilio, wakamwegemea Verediana wanne kwa watano, wakamwambia alie amalize, sasa atapumzika. Yeye hakulia. Walisema amekauka kwa kulia mwaka mzima. Jioni walikula, wakafua, wakafagia uwanja. Jumapili Yusta alimpaka Blessing mafuta kichwani, akamwahidi kwamba Krismasi nywele zikifika kidole atamsuka.

Jumatatu asubuhi Kasian alinyoa ndevu, akaenda kwenye mbao zake. Kwa mwaka mzima kila Jumatatu ya Mungu, kabla ya kutoka, alikuwa akipiga simu kituo cha polisi kule ziwani kuuliza kama kuna lolote lililoonekana. Leo simu ilibaki mezani. Verediana aliitazama mpaka chai ikapoa. Kisha akaichukua, akaibonyeza namba.

"Habari za asubuhi, afande. Mimi ni mama yake Sosthenes, wa Nyololo."

"Ah, mama. Pole sana. Mzee Sifaeli alitupigia jana. Tumefurahi kusikia mmepata mahali na mmeshazika."

"Tumezika."

"Basi mama, na sisi tumefunga faili. Mpumzike sasa. Ulikuwa na shida nyingine?"

Nje, Blessing alikuwa anacheka na mtoto wa jirani. Verediana hakuwa amesikia kicheko kile muda mrefu. Aliligeukia dirisha, akasikiliza, na alipopata sauti yake simu ilikuwa imeshakatwa upande wa pili.

"Afande," alisema hata hivyo, "mimi sikupaona."